Uso wa Wiki Nane

Mimi nina kinyaa. Nakwambia mapema ili usije ukasema sikukwambia. Nikiona unywele kwenye sahani, sahani nzima kwangu imeoza. Mtu akipiga chafya karibu na chai yangu, hiyo chai ni yake, aichukue, na kikombe asinirudishie. Kazini wananiita Glavu kwa sababu sijawahi kumgusa mteja kwa mkono mtupu. Jina lenyewe nililipenda, wala sikuliona tusi.

Sasa utauliza mtu wa namna hiyo anafanya nini saluni ya ngozi, mahali ambapo kutwa unakamua weusi kwenye pua za watu. Sikiliza. Pale kuna taa, kuna pamba, kuna spiriti, kuna glavu boksi zima. Uchafu wa saluni una adabu zake: unatoka, unafutwa, unatupwa kwenye ndoo yenye kifuniko, kwisha. Uchafu ulionishinda ni wa nyumbani kwetu, wa mama yangu mzazi, na ulikuwa ukiishi ndani ya kopo.

Mama hatupi kitu. Losheni ikibaki tone chini ya chupa, anaigeuza kichwa chini siku mbili, halafu anaikung'utia kwenye kopo lake la bluu. Mafuta ya mgando yakibaki ukingoni, kopo. Dawa ya kuchua mgongo, kopo. Krimu ya mikono aliyoachiwa na jirani aliyehama, kopo. Mafuta ya mtoto wa dada yangu, ambaye siku hizi ana ndevu, nayo yamo. "Haba na haba hujaza kibaba," anasema, huku anakoroga kwa kidole. Rangi yake ilikuwa rangi ya usaha, samahani kama unakula. Juu linanuka kafuri, na chini ya kafuri kuna harufu nyingine ambayo sikuwahi kutaka kuijua. Mna nywele humo. Mna mchanga. Siku moja nilikuta ukucha. Na hayo ndiyo mama anayojipaka mwili mzima asubuhi na jioni, na ngozi yake, Mungu ananiona, ni laini kuliko yangu, ukiacha miguu.

Visigino vya mama vimepasuka. Mipasuko mirefu, ndani myeusi, kingo zake ngumu zimekauka mpaka zinakwaruza shuka, unausikia mkwaruzo ukiwa chumba cha pili. Kila jioni anakaa kitandani na kopo lake, anapaka hadi kwenye kifundo, visigino anavifikia kwa ncha ya kidole tu, halafu ananitazama. "Mwanangu, nipakie hapo nyuma. Kiuno hakiinami tena." Nami kila jioni nina shughuli. Nina nguo za kupiga pasi, nina simu, nina kichwa kinaniuma. Mara moja tu nilikubali. Nilivaa glavu mbili mbili, na kabla sijamaliza kisigino cha kwanza nilikimbilia kwenye sinki. Mama alivuta shuka akafunika miguu.

Basi. Bosi wetu tunamwita Madamu, mwanamke mfupi, mkavu, anayevaa miwani miwili, mmoja machoni na mwingine kichwani. Mwaka huo alikuwa anafungua tawi la pili upande wa pili wa mji na alihitaji msimamizi. Watu wenyewe tulikuwa wawili, mimi na Kidoti. Kidoti ni mwenzangu, ana doa dogo jeusi juu ya mdomo, ngozi haina hata tundu, na ana tabia moja iliyokuwa ikinikera mpaka kwenye mifupa: ananawa mikono vizuri, anaikausha, halafu anamshika mteja hivyo hivyo, ngozi kwa ngozi. "Wengine wanakuja hapa kwa sababu hakuna anayewagusa," aliniambia siku moja. Nikamwambia wakaguswe kwao.

Siku hiyo Madamu alituita chumba cha nyuma. "Wateja wananichosha na hii dawa ya madoa, retinoli," alisema. "Nusu wanaipaka kama siagi kwenye mkate, wanaungua, wanakuja kunilaumu. Nusu wanaikimbia kama moto. Nataka mtu awaoneshe kwa uso wake mwenyewe. Wiki nane. Kila Jumatatu picha moja, bila poda, tunaitundika pale ukutani. Glavu, wewe una yale madoa ya chunusi. Picha ya nane ikinipendeza, ufunguo wa tawi ni wako."

Miaka kumi na moja nimeinamia pua za watu. Mgongo wangu unajua kila kiti cha saluni ile. Kusimamia tawi maana yake ni kwamba nitasimama wima, wengine wainame. Niliutaka ufunguo ule hadi mate yalinijaa mdomoni, na sioni haya kusema.

Nikaanza kwa utaratibu ambao ningeufundisha kanisani. Jumatano na Jumamosi tu, jioni tu, kamwe si asubuhi. Nanawa uso kwa sabuni laini isiyo na manukato, naufuta kwa kuugonga-gonga na kitambaa safi, nangoja ukauke kabisa. Kwanza losheni ya kulainisha, tabaka jepesi. Kisha retinoli, kiasi cha punje ya njegere, uso mzima, nikikwepa macho na pembe za pua na mdomo. Kisha losheni tena juu yake. Siku nyingine zote ni losheni peke yake, asubuhi na jioni, na asubuhi juu yake krimu ya kukinga jua hata kukiwa na mawingu. Hakuna skrabu, hakuna ndimu, hakuna kusugua. Mwenye mimba aisahau kabisa mpaka aongee na daktari wake. Hayo yote niliyajua kwa moyo.

Retinoli ilikuwa kwenye chupa nyeusi yenye pampu, haioneshi ndani. Losheni ilikuwa kwenye kikopo cheupe ambacho Kidoti alinijazia kutoka kwenye ndoo kubwa ya saluni, maana zamu ya stoo ilikuwa yake. Vyote nilivipanga juu ya rafu ya bafuni, mbali kabisa na kopo la bluu. Nilimwambia mama, "Hivi ni vya kazi. Visiguswe." Mama akasema, "Nimesikia, Bi Kinyaa."

Jioni ya kwanza alisimama mlangoni akinitazama. Nilibonyeza pampu mara moja, nikamuonesha ncha ya kidole.

"Hiyo tu?"

"Hiyo tu, mama."

"Uso mzima?"

"Uso mzima. Ngozi inaweza kubambuka kidogo mwanzoni, usishtuke. Ni ngozi ya zamani inatoka."

Akanitazama kwa jicho la huruma, lile jicho analomtazamia mtoto anayekula wali mkavu. Mimi nikaona ni ujinga wa kizee, nikamfungia mlango.

Picha ya kwanza, ya pili, ya tatu, ya nne. Loo! Ungeziona. Madoa yalianza kufifia, uso umetulia, mashavu yana mwanga wake. Wateja walisimama mbele ya ukuta wakihesabu picha, na kila Jumatatu Kidoti ndiye aliyekuwa wa kwanza kupiga makofi. Nilianza hata kutembea tofauti. Nikaenda kuliona tawi jipya mchana, nikapima kwa hatua mahali pa kuweka meza yangu. Mgema akisifiwa tembo hulitia maji, nami nilishaanza kumwelekeza Madamu namna ya kupanga viti.

Wiki ya tano uso ukaanza kuchonyota.

Sikutishika. Najua kazi yangu. Ngozi ikikataa unasimamisha retinoli siku hiyo hiyo, huongezi kitu kipya, unanawa kwa maji ya uvuguvugu na unalainisha. Chupa nyeusi nikaifungia kabatini. Kikopo cheupe nikakizidishia bidii: asubuhi tabaka nene, mchana kidogo nikirudi nyumbani kula, jioni tabaka nene. Kesho yake nilikuwa mwekundu. Kesho kutwa nilikuwa nimevimba chini ya macho. Nikazidisha losheni. Ikawa kama ninajipaka pilipili.

Wewe ulishawahi kuona uso wako unaanguka kwenye chai? Mimi nimeona. Nimeinama kupuliza, kipande cha ngozi cheupe, chembamba, kikatua juu ya chai na kuanza kuelea. Nilimwaga chai, nikamwaga na niliyokwisha kunywa. Pembe za mdomo zilipasuka zikatoa maji ya njano yanayonata, nikiamka shavu limeshikana na foronya, nikilivuta, linabaki gamba kwenye foronya na kidonda kwangu. Ptuu! Mimi, ambaye nikiona mba kwenye bega la mtu nabadilisha kiti! Nilijitazama kwenye kioo kwa jicho moja, kama ninavyotazama choo cha stendi. Nilijichukia. Sikuweza hata kujigusa bila glavu.

Mama ndiye pekee aliyefurahi. "Ngozi ya zamani hiyo inatoka!" alisema. "Si uliniambia mwenyewe? Inafanya kazi." Nilitamani kumtupia kikombe.

Picha ya tano Madamu aliipiga akaitundika haraka. Ya sita aliipiga, akaitazama, akaitia mfukoni. Ukutani, kati ya misumari minane, ikabaki mitatu mitupu, na wateja wakawa wanaitazama hiyo misumari kuliko walivyowahi kuzitazama picha.

Sasa ngoja nikuoneshe nilivyopiga hesabu zangu, mimi fundi. Retinoli nimeiacha, kwa hiyo si retinoli. Maji ni yale yale, sabuni ile ile. Kilichobaki ni losheni. Losheni imetoka stoo. Stoo ni ya Kidoti. Na uso wangu ukiharibika, ufunguo wa tawi unakwenda kwa nani? Nikalala na hilo jambo siku tatu, na kila nilipoliamsha lilikuwa limenenepa.

Jumatatu ya wiki ya saba, saa nne asubuhi, saluni imejaa, wateja wawili wamelala wamepakwa barakoa ya udongo, nikaingia sijavua hata viatu vya njiani. Nikasimama katikati.

"Madamu, kikulacho ki nguoni mwako," nikasema kwa sauti. "Muulize huyu ametia nini kwenye kikopo changu."

Kidoti alikuwa ameshika bakuli la maji. Akaliweka chini taratibu, akafuta mikono. "Unasemaje, dada?"

"Unanisikia. Ulinijazia sumu kwa sababu unautaka ufunguo. Unajifanya mpole, unawashika-shika watu, kumbe moyo wako mchafu kuliko hiyo ndoo ya taka. Unanitia kinyaa, Kidoti. Hata kusimama karibu na wewe naona kinyaa."

Mteja mmoja aliinua kichwa, barakoa ikapasuka paji la uso. Doa la Kidoti lilikuwa linatetemeka juu ya mdomo.

"Dada Glavu," akasema, "mimi nimekupigia makofi kila Jumatatu."

Madamu hakubishana. Alikwenda stoo, akarudi na ile ndoo kubwa ya losheni, akachota kwa kijiko cha plastiki, akajipaka mashavu yote mawili na shingo. Akachota tena, akampa Kidoti, naye akapaka. "Tumejipaka," Madamu akasema. "Wateja wote wa miezi miwili wamepakwa hii hii. Hakuna aliyeungua. Sasa nenda kwenu, kalete hicho kikopo chako, ukirudi tutaongea mbele ya hawa hawa waliokusikia."

Nilikwenda nyumbani nikikimbia, moyoni nimeshashinda. Mama alikuwa amekaa dirishani anafuma. Nikachukua kikopo bafuni, nikakipeleka kwenye mwanga wa jua, maana balbu ya bafuni ni ya njano na kila kitu kinaonekana cha njano. Nikakifungua.

Losheni ya saluni ni nyeupe kama karatasi. Hii ilikuwa na michirizi ya manjano. Na pembeni, kwenye ukingo wa ndani, kulikuwa na unywele. Mfupi, mweupe, umejikunja.

Kidoti hana mvi.

"Mama."

"Naam."

"Mama, umegusa kikopo changu?"

Usidhani alitahayari. Uso wake ulikunjuka kwa furaha, kama wa mtu aliyekuwa akingoja siku nyingi kushukuriwa. "Umeona, eh? Nilijua utagundua. Nilikuwa nakuonea huruma, mwanangu. Kila siku ya kupaka, kipunje! Kipunje cha njegere kwa uso mzima wa mtu mzima! Nikasema huyu anajinyima, anaogopa dawa itaisha kabla ya wiki nane. Jumamosi ile ya wiki ya nne ulipolala, nikaimiminia humo yote, sasa upake ushibe. Si vyote ni vya uso?"

Nilitafuta kiti, sikukiona.

"Yote?"

"Ile nyeusi nikaijazia kidogo kutoka kwangu, isije ikaonekana tupu ukahuzunika."

Nikaifuata chupa nyeusi kabatini. Nikabonyeza pampu. Ikakoroma, ikatema. Usaha, kafuri, na ile harufu nyingine.

"Ulikoroga kwa nini?" nikauliza.

"Kwa kidole. Ningekoroga kwa nini?"

"Kidole gani?"

Akakiinua. Kidole cha shahada cha mkono wa kulia. Kile cha kopo. Kile kinachoingia kwenye mipasuko ya visigino kila jioni ya Mungu, kinasugua, kinatoka, kinarudi koponi. Siku kumi na sita nilikuwa nimejipaka hicho, asubuhi, mchana na jioni, mashavuni, juu ya vidonda, pembeni mwa mdomo. Nilifika sinki, nikatapika mpaka nikatapika hewa, na kila nilipodhani nimemaliza nakiona tena kile kidole.

Niligeuka nikiwa bado nashika ukingo wa sinki.

"Unanitia kinyaa, mama," nikasema. Na kwa kuwa ulimi ukishaanza hauna breki, nikaendelea. "Wala si kopo. Wewe mwenyewe. Tangu nikiwa mdogo."

Mama alishusha kidole. Akakitazama, upande huu, upande ule.

"Ulipokuwa mdogo," akasema polepole, "mafuta yalikuwa kidogo. Nilikuwa nakupaka wewe na dada yako kwanza, halafu mimi najipaka kilichobaki mikononi. Basi nikazoea mabaki." Akaokota uzi wake ulioanguka. "Sikujua kama ulikuwa unaona kinyaa."

Nilichukua kikopo nikatoka.

Njiani kuna pipa la taka, kwenye kona ya duka la vioo. Nilisimama pale. Nikukiri? Nilikuwa naitafuta njia. Kikitumbukia humo, nasema kimeibiwa, nasema nimekuta mlango umevunjwa, Kidoti anabaki na doa lake na mimi nabaki na nusu ya ufunguo. Nilishafungua kifuniko cha pipa. Nzi walinipanda usoni kwenye vidonda, wakatulia kabisa, wamefika kwao. Nikasikia kandambili nyuma yangu, moja inaburuta.

Mama. Amejifunga mtandio upande, anachechemea, mkononi ana ile chupa nyeusi.

"Umesahau hii," akasema akihema. "Wakitaka ushahidi, ushahidi uwe kamili. Twende. Nitasema mwenyewe."

Alikitazama kikopo, akalitazama pipa, akanitazama mimi. Ningefurahi angenitukana.

Saluni walikuwa bado wapo wote, hata wale wateja wawili, barakoa zimeshaoshwa na hawajaondoka, maana umbea hauna haraka. Mama alisimama pale pale niliposimama mimi asubuhi. "Mimi ndiye niliyechanganya," akasema. "Binti yangu hakujua. Na huyu binti mwenye doa hakufanya kitu. Mnisamehe." Akaiweka chupa nyeusi mezani, kando yake nami nikaweka kikopo. Madamu alibadilisha miwani, akanusa, akarudisha kichwa nyuma.

Kidoti hakukitazama kikopo. Alikuwa anatazama chini. Kwenye vigae vyeupe, kutoka mlangoni mpaka aliposimama mama, kulikuwa na alama nyekundu, kila baada ya hatua mbili. Kisigino kilikuwa kimepasuka njiani kikatoa damu.

"Mama, kaa hapa," Kidoti akasema. Akamkalisha kwenye kiti cha wateja. Akaleta beseni, maji ya uvuguvugu, sabuni ile laini ya uso. Akapiga magoti, akamvua kandambili, akashika ule mguu kwa mikono miwili, mitupu. Akaupakata. Akaosha kila mpasuko kwa kidole gumba, polepole, akakausha kwa kuugonga-gonga, akapaka losheni ya ndoo kubwa, nyeupe, nyingi, akafunga kitambaa. Mama alifumba macho. Machozi yalimtoka bila sauti, na nilikuwa sijawahi kumwona mama yangu akilia, hata msibani kwa baba.

Mimi nilisimama na glavu zangu mfukoni. Nilitaka kutapika tena, safari hii sijui nilichotaka kukitoa ni kitu gani.

"Nisamehe, Kidoti," nikasema.

"Nimekusikia," akajibu. Hakuinua kichwa.

Madamu alinipeleka pembeni. "Uso utapona," alisema. "Maji, losheni safi, mafuta ya mgando kwenye hiyo mipasuko, jua ulikwepe, retinoli usiiguse mpaka nitakapokwambia. Ikipita miezi miwili hakuna atakayejua. Lakini tawi atasimamia Kidoti. Ungeniletea kikopo ukaniambia Madamu, kuna kitu hapa sikielewi, ningekupa ufunguo na uso wako ukiwa hivyo hivyo. Mteja akiungua kwako, utamtafuta wa kumtukana kwanza? Heri kujikwaa dole kuliko kujikwaa ulimi, Glavu." Hata hakukasirika. Alitoa ile picha ya sita mfukoni akanirudishia.

Tulirudi nyumbani kwa teksi kwa sababu ya mguu. Mama alitazama dirishani njia nzima. Tulipokaribia akasema, "Yule mwenzio ana mikono mizuri." Basi, hayo tu.

Wiki iliyofuata nilianza kuona kitu ambacho sikukielewa mara moja. Nyumba ilikuwa hainuki kafuri. Nikaingia bafuni, nikalikuta kopo la bluu kwenye rafu, limegeuzwa kichwa chini, limesuguliwa kwa mchanga mpaka rangi imetoka. Tupu. Mikono ya mama ilikuwa imepauka mpaka kwenye viwiko, kijivu, ukimgusa unaacha mstari. Alikuwa hajajipaka kitu tangu siku ile. Mwanamke ambaye miaka yote ngozi yake ilinishinda mimi fundi. Na kila nilipoingia chumbani, alikuwa anavuta shuka juu ya miguu kabla sijafika mlangoni.

Jioni hiyo nilichukua kikopo kipya nilichojaziwa na Kidoti, maana alinijazia, hakusema neno lakini alinijazia mpaka ukingoni. Nikakaa chini, kwenye sakafu, mbele ya kitanda cha mama. Nikavuta shuka.

"Acha," akasema mama. "Utatapika."

"Inawezekana."

"Glavu zako ziko wapi?"

"Kazini."

Nisikudanganye kwamba kinyaa kiliisha. Hakikuisha. Kile kitambaa cha Kidoti kilikuwa kimeshikana na kidonda, nilipokibandua kikatoka na gamba, na harufu ilinipanda mpaka machoni. Mate yalinijaa mdomoni. Niliyameza. Nikachota losheni, nikaingiza kidole changu kwenye mpasuko wa kwanza, mpaka chini, mpaka pale panapouma, nikakiacha humo.

Mguu wa mama ulikuwa unatetemeka mkononi mwangu. Ulikuwa mwepesi kuliko nilivyodhani.

"Umeweka nyingi mno," akasema.

"Nyamaza, mama," nikamwambia, nikachota tena.